Sauti Juu ya Picha za Alois Mlowe

Wasikilizaji wapendwa, leo sitaanza na muziki. Alois Mlowe amefariki. Narudia: Alois Mlowe, mpiga sinema wa Njombe, alifariki Jumanne iliyopita kwa kichomi. Alikuwa na miaka arobaini na mmoja. Tulimzika juzi, na nina hasira.

Alois alianza mwaka 1949, dereva wa gari la sinema la serikali. Kamera alijifunza kwa kuifungua na kuifunga. Mwaka 1953 wakubwa wake walimtuma Makambako, kwenye kambi ya manamba, vijana wanaochukuliwa kwenda kukata mkonge. Walitaka picha za watu wanaocheka.

Alois hakumwambia mtu acheke. Aliweka kamera chini, usawa wa kiuno, akaiacha. Ikapiga mikono inayobinywabinywa kama ya ng'ombe mnadani. Miguu mitupu kwenye baridi ya Juni. Wake zao nyuma ya seng'enge. Msimulizi hakumtaka. Akizionyesha picha hizo vijijini, aliwaita waliopigwa picha, au ndugu zao, wasimame kando ya kitambaa cha kuonyeshea waseme wenyewe, kwa Kibena au Kikinga. Dada yake, Oktavia, anakumbuka: "Nilimwuliza, sinema gani haina wa kuieleza? Akanijibu, mwenye mkono yupo, wewe unamsemea nini?"

Wasikilizaji wapendwa, ofisi ya sinema ya serikali iliichukua kazi ile. Ikaikatakata. Ikaandika jina la bwana mmoja ambaye hajawahi kukanyaga Makambako. Ikaweka na sauti juu yake: "Hawa wanaondoka kwa hiari na kwa furaha."

Kisha ikarudishwa Makambako, Alois aionyeshe mwenyewe. Uwanja ulijaa. Sauti ilipofika kwenye furaha, mama mmoja, Letisia, akasimama. Mumewe, Enoki, alikuwa pale kwenye kitambaa, ilhali alikwisha kufia mkongeni.

"Mwongo huyo! Mume wangu hakucheka. Alikuwa anakohoa!"

Alois akazima spika. "Mama, njoo mbele. Sema wewe."

Letisia akasema mpaka mkanda ukaisha. Wiki iliyofuata Alois alifukuzwa kazi, na kamera akanyang'anywa. Miaka saba ametengeneza baiskeli sokoni Njombe. Miaka saba, fundi yule! Na sinema yake bado inazungushwa nchini, ina jina la mtu mwingine.

Sasa lililo zito. Sauti ile ilikuwa yangu. Niliwekewa karatasi mbele yangu, nikasoma. Nilijua picha ni za nani, maana tulisoma darasa moja. Nikasoma tu.

Juzi, baada ya maziko, nilimwambia mjane wake, Dorika. Alikuwa amekaa mkekani, hakuinua uso.

"Tulijua, shemeji. Aliitambua sauti yako neno la kwanza."

"Mbona hakuniambia?"

"Alisema utasema mwenyewe."

Basi nimesema. Nimechelewa, naye hanisikii.

Dorika, pole. Oktavia, pole. Poleni nyote wa Njombe na Makambako. Nanyi mnaonisikiliza, jiulizeni leo: sauti yako umemwazima nani, na inamfunika nani?

Kesho asubuhi nakwenda kwenye ofisi ile ya sinema na barua. Nataka jina la Alois Mlowe lirudi kwenye sinema yake, na sauti yangu itoke. Wakinifukuza nami hapa redioni, sababu mnaijua.