Ndimu kwenye Mgagani wa Ghati

Mwalimu Thadeo alipanda basi la Butiama akitaka kusoma gazeti lake kwa amani, lakini nafasi aliyopata ilikuwa kati ya wanawake wawili wasiojuana. Kulia kwake alikuwa Ghati, mama mtu mzima aliyepakata chungu cha mgagani. Kushoto alikuwa Bibi Maendeleo, binti wa Tanga aliyetumwa na serikali kufundisha mapishi vijijini, na nazi zake mbili kikapuni.

"Mama, mboga hiyo umeipika lini?" Bibi Maendeleo alimuuliza Ghati.

"Juzi. Nachemsha, namwaga maji, natia maziwa, nachemsha tena mpaka uchungu uishe. Mama yangu alikuwaga anafanya hivyo."

"Siku tatu! Vitamini zote zimekwisha, mama. Kaanga kitunguu, tia maziwa yako na tui langu, dakika tano tu, halafu kamulia ndimu."

"Ndimu!" Ghati alifoka. "Mwaka jana, tulipohamia kijiji cha ujamaa, alikuja mwenzako. Akakamulia ndimu kwenye maziwa ya kijiji kizima, yakakatika mabonge mabonge. Mwenyekiti akasema tupige makofi."

"Mkapiga?" Thadeo akajikuta anauliza.

"Tulipiga."

Ghati akafunua chungu. "Haya, onja."

Bibi Maendeleo akachota kwa kidole, akachota tena, akachota mara ya tatu. Thadeo akafungua gazeti, akijua ugomvi umekwisha.

"Tamu kweli, mama," alisema yule binti, akilamba kidole. "Sasa ukitia tone moja tu la ndimu…"

Ghati akafunika chungu chake, akagonga bati la basi kwa ngumi mpaka likasimama, akashuka. Kwake kulikuwa bado maili nne.