Msiba wa Kuigiza wa Mzee Lusi

Wasikilizaji wapendwa, karibuni, mlioko jikoni, dukani na kwenye foleni. Leo tunamkumbuka Lucien Vardel, Mfaransa, mwongoza filamu na mwandishi. Sinza walimwita Mzee Lusi. Amefariki Jumanne, nyumbani kwake Sinza, akiwa na miaka sabini na minne.

Mzee Lusi hakuwa mtu wa kutulia. Kwao Ufaransa alitengeneza filamu ya kutisha, akaichoka, akageukia vichekesho. Akaandika riwaya tatu za upelelezi. Dar alikuja kwa wiki mbili tu, kupiga filamu ya wachonga vinyago wa Mwenge. Wiki mbili, wasikilizaji, zikawa miaka ishirini na mbili. Akaandika michezo ya redio, akatengeneza filamu za watoto.

"Ukimsifia kitu leo, kesho anafanya kingine," anasema Bahiya, mhariri wake wa picha. "Utamshika wapi?"

Lakini filamu moja haikutoka. Ilikuwa ya mapenzi, na ndani yake mna msiba. Mzee Lusi alifunga turubai mtaani, akapanga viti, akamlaza kijana wa jirani, Apolinari, aigize maiti. Watu wa filamu walijua. Mtaa haukujua. Nyie mnaijua Dar: turubai na viti, nani anauliza? Kina mama wakafika na masufuria yao. Mmoja akampigia simu Mama Tekla, mama mzazi wa Apolinari, aliyekuwa sokoni. Akaja mbio, peku, akamwangukia mwanawe akilia. Kijana akainuka.

"Mama, nipo! Tunashuti tu!"

Kamera ilikuwa inaendelea.

Wafadhili wa Ufaransa walipoiona picha ile walisema hiyo ndiyo filamu yenyewe. Bila hiyo, wanajitoa. Mama Tekla naye akasema: "Mie nimemlilia mwanangu kweli. Sikuwa naigiza. Futa."

Mzee Lusi alizunguka uani siku nzima, hali, hanywi. Jioni akamwambia Bahiya afute. Wafadhili wakajitoa kweli.

Bahiya hakufuta. Aliihamishia kwenye flashi, akaificha, akamjibu mzee, "Tayari." Roho imemsuta miaka tisa. Mzee amekufa akiamini picha ile imefutwa.

Juzi msibani Bahiya hakukalika. Anagawa maji, anatoka nje, anarudi. Mwisho akapiga magoti kwenye mkeka wa Mama Tekla.

"Shikamoo, mama. Niliwadanganya. Ile picha ninayo."

Akangoja kutukanwa.

Apolinari, wasikilizaji wapendwa, alifariki kwa ajali miaka minne iliyopita. Mama Tekla akauliza, "Pale anapoinuka, papo?"

"Papo, mama."

"Twende ukaniwekee."

Waliitazama chumbani, wawili tu. Kila kijana alipoinuka na kusema "Mama, nipo," Mama Tekla alisema, "Rudisha." Bahiya akarudisha, akarudisha tena, mpaka na yeye akalia. Hakuthubutu kuuliza kama anaweza kuimalizia filamu. Mama Tekla alichomoa flashi mwenyewe, akaifunga kwenye pindo la kanga, akarudi kukaa na wafiwa.

Tunawapa pole familia ya Mzee Lusi, hapa na Ufaransa, pamoja na Bahiya na majirani wote wa Sinza. Nawe unayetoa simu msibani urekodi, mtazame kwanza anayelia. Muulize, hata kesho yake.

Filamu ile hatutaiona. Mimi mtangazaji wenu nilikwenda kumpa pole Mama Tekla, nikakaa naye saa nzima, na sikuiulizia.