Mgongo wa Mkwe Wangu

Bwana asifiwe! Aa, mmeitika kama watu walioamka kwa kitanda kikavu. Mimi nimetolewa majini, kwa hivyo nitarudia: Bwana asifiwe sana!

Ndugu zangu, wengi mnanijua. Mimi ni mjane, mkulima wa mpunga hapa Ahero, na kwa miaka mingi nimeongoza maombi ya akina mama katika kanisa hili. Mmenisikia nikikemea pepo mpaka sauti inakauka. Lakini mficha uchi hazai, leo nitasema ukweli. Miaka hiyo yote nilikuwa mtu wa hofu.

Nina binti mmoja, Akinyi. Ameolewa na Ouma, fundi wa kuchomelea milango, na wanaishi Kisumu, mtaa wa Kaloleni, na watoto wao wawili. Mila yetu mnaijua. Mama mkwe na mkwe wake hawagusani, hata kwa salamu ya mkono. Mama mkwe halali chini ya paa la mkwe. Ukivunja mwiko huo, chira inakufuata, ile laana inayomkondesha mtu mpaka abaki mifupa. Na haichagui, inaweza kushika hata mtoto mdogo. Nilipokuwa msichana tulimzika dada yangu, wazee wakasema ni chira. Tangu siku ile neno hilo lilinikaa tumboni.

Kwa hivyo nilikuwa nafika Kaloleni asubuhi, nawaona wajukuu, na kabla ya jua kuzama nimerudi kwangu. Ouma akija huku, yeye anakaa nje kwenye kivuli cha nyumba, mimi niko ndani, tunaongea tukiwa na ukuta katikati. Nikaita hiyo heshima. Jamani, heshima naipenda, sitaki mtoke hapa mkisema nimeidharau! Lakini yangu ilikuwa woga uliojifunga leso ya heshima.

Hata Mungu nilimfanya hivyo hivyo. Nilifunga, nilikesha, nilitoa. Mlidhani ninampenda. Nilikuwa ninakwepa fimbo! Mtoto wa Akinyi akikohoa tu, najiuliza nimemkosea Mungu wapi. Nilikuwa ninaomba nikiwa na jicho moja wazi.

Basi ikaja ile mvua. Mto ukavunja kingo asubuhi, majirani wakakimbilia shule iliyo juu barabarani. Mimi kichwa ngumu nikabaki kuinua magunia ya mbegu. Nikisema nitoke, maji yako kifuani mlangoni, yanavuta. Nikapanda juu ya meza na simu yangu. Nikampigia Akinyi, akaanza kulia, simu ikakatika. Maji yakafika juu ya meza, yakanishika magoti. Ndugu zangu, nilipiga magoti ndani ya maji nikamwambia Mungu atume mtu.

Akamtuma Ouma.

Alikuwa amekuja kwa pikipiki mpaka pale barabara ilipoishia, akafungwa kamba kiunoni, wanaume wakaishika kutoka juu, yeye akaingia majini. Akafika mlangoni kwangu. Na mnajua alifanya nini? Maji yako kifuani, mtu anatetemeka, lakini akaangalia chini kwa adabu akasema, "Mama, habari ya asubuhi."

Uwi! Nikamwambia, "Ouma, rudi. Tuma mwanaume mwingine."

"Mama, wengine wameshika kamba."

"Wewe huwezi kunibeba. Unajua kitu kinakuja. Una watoto!"

"Hao watoto ndio wamesema nisirudi bila dani." Dani ni mimi, nyanya yao.

Nikakataa. Ndiyo, nilikataa! Mimi kiongozi wa maombi, nimeomba mtu, Mungu amemleta mpaka mlangoni, na ninamfukuza. Na si kwamba sikuwapenda. Niliwapenda sana, ndiyo maana niliona afadhali mimi nife kuliko niwapelekee kifo nyumbani.

Ouma hakubishana tena. Aligeuka, akanipa mgongo, akainama kidogo. Akasema, "Mama, kama kuna chira, wacha ikuje kwangu. Wewe panda."

Wacha ikuje kwangu.

Ndugu zangu, si nimewafundisha akina mama wa hapa kwamba Yesu aliichukua laana yetu mwilini mwake pale msalabani? Nimefundisha mara ngapi? Neno hilo nilikuwa ninalijua kwa mdomo. Siku ile nililiona limesimama majini, limevaa shati la fundi lililotobolewa na cheche za moto. Nilihisi kama Musa mbele ya kile kichaka, ila mimi sikuwa na viatu vya kuvua, vilikuwa vimeshabebwa na maji.

Nikapanda. Mimi si mwepesi, mnaniona. Nikamshika shingo, kifua changu kikalala mgongoni mwake. Na hapo ndipo nilipojua jambo ambalo limenifanya nisimame leo. Moyo wake ulikuwa unapiga mbio, du du du. Ouma alikuwa anaogopa! Si maji tu. Yeye pia amelelewa na hadithi zilezile. Aliogopa kama mimi, na akaja. Nikamkumbuka Bwana wetu bustanini, jasho likimtoka, naye hakurudi nyuma. Mungu wangu! Kumbe ndivyo tulivyopendwa!

Siku ile nililala Kaloleni, chini ya paa la mkwe wangu, katikati ya wajukuu. Kulipopambazuka nikasikiliza pumzi zao, mmoja, wa pili. Mdogo akafungua macho akaniuliza, "Dani, bado uko?" Nikalia mpaka Akinyi akaja mbio.

Sitawadanganya. Mpunga ulikwenda wote, na goti hili halijapona. Shemeji yangu ananiambia ningoje tu, chira haina haraka. Nimemjibu kwamba ilishafika, ikamkuta Mwenye kuibeba.

Asante Yesu! Na wewe unayenisikia, maji yako yamefika wapi? Umeomba miaka yote ukiogopa Yule unayemwomba. Amekuja, ameinama, anakungoja. Acha kubishana juu ya meza. Panda!

Nimalizie. Ouma yuko pale nyuma karibu na mlango, anasema amenisindikiza tu, yeye si mtu wa kanisa. Tangu siku ile amerudia kuangalia chini akiniona. Ndugu zangu, mpisheni apite. Ouma, mwanangu, njoo hapa mbele. Inua macho.

Nipe mkono.