Utani wa Zakayo na Dhamana ya Girish

Ukitoka kwenye tunnelbana, treni ya chini ya ardhi, pale Kista, kabla hujapiga hatua kuelekea madukani, kuna benchi ambalo Waswahili wa Stockholm wamelifanya bunge. Kikombe cha kahawa kinanunuliwa mara moja, kinajazwa tena bure mpaka muuzaji aanze kukohoa. Spika ni Kambale, aliyesoma sheria mwaka mmoja Butembo na kwa huo mmoja anaitwa Maître, yaani wakili, hadi leo. Yupo Wangari, Mama Taarifa, ambaye redio imejifunza kwake. Yupo Hervé, Pasi Mbili, ingawa hata pasipoti moja bado anaisubiri. Jumamosi hiyo aliyeshindwa kukaa ni Zakayo, mkata vitunguu na bingwa wa majigambo, mtu aliyeacha shule mapema akidai shule ndiyo iliyomwacha. Anakaa, anainuka, anatazama simu. Wakili wa bosi wake alikuwa apige kutoka India.

Habari yenyewe benchi liliijua, maana Zakayo alirudi kutoka India na maringo kana kwamba ndiye aliyeoa. Girish, bosi wake wa jikoni, alimpeleka kwenye harusi ya kaka yake. Huko mpiga ngoma alishikwa na kiu, akachota maji kwenye mtungi wa wageni. Girish akamfokea mbele ya watu, akamwita kwa jina la tabaka lake, lile la watu ambao wenye nyumba hawataki waguse vyombo vyao. Kisha akamgeukia Zakayo, akamtafsiria huku akicheka. Zakayo naye akacheka mpaka akashika mbavu. Kwao Mpare na Mchagga hutupiana maneno hata msibani, na hakuna anayenuna. Akajua na hawa ni watani.

Mpiga ngoma akaenda polisi. Sasa mama yake Girish anaumwa huko India, Girish anataka kwenda kumwona, na anaogopa kupokewa na pingu. Ameomba dhamana kabla ya kukamatwa. Kwa kesi za kudhalilisha watu wa tabaka hilo, sheria ya kule inaifunga njia hiyo, isipokuwa mahakama ione kesi yenyewe haina miguu. Wa kuikata miguu ni Zakayo: wakili anataka aseme ulikuwa mzaha. Asiposema, Jumatatu atashikaje kisu jikoni kwa Girish?

Wangari hakuona tatizo. Kenya, alisema, mheshimiwa anafika mahakamani kabla polisi hajavaa kofia, anatoka na dhamana yake mfukoni. Kambale akamkatiza kwamba dhamana ya namna hiyo ni kama chanjo, huchanjwi ukishaanza kukohoa. Dawa ni mama kuletwa Sweden na kitanda chake. Hervé akawapita wote.

— Girish apande tunnelbana bila tiketi. Akamatwe hapahapa. Mtu hakamatwi mara mbili kwa wakati mmoja.

— Sheria hiyo umeisoma wapi, petit, mdogo wangu?

— Maître, wewe mwaka wako mmoja uliishia ukurasa gani?

Walicheka. Zakayo hakucheka, na hilo peke yake lilikuwa habari.

— Mimi nasema ni utani, basi, alisema. Si ndivyo nilivyoona?

— Sema hivyo hivyo, kijana wangu, Wangari akamwambia. Kazi haiokotwi.

Wakati huo Orpha, mpwa wa Kambale, alikuwa ameshuka kutoka mtaa wa Hallonbergen kumletea mjomba funguo. Alisimama akasikiliza, mkono mfukoni kwa baridi.

— Kaka Zakayo, na yule mpiga ngoma alicheka?

Kambale alifungua mdomo, akaujaza kahawa. Zakayo aliitafuta ile harusi kichwani. Mtani ukimtupia neno, anakurudishia kali zaidi. Yule alirudisha nini? Aliyaona meno ya Girish. Aliiona suti yake mwenyewe. Uso wa mpiga ngoma hakuupata.

— Sikumtazama, alisema.

Simu ikalia. Zakayo akaenda nayo hadi kwenye ngazi, akarudi, akaketi, safari hii mgongo wote ukagusa benchi. Akaanza kwa Kiingereza chake cha jikoni: ndiyo, alikuwepo, ndiyo, neno lilisemwa, na watu walikuwa wamejaa.

— Nilicheka, ndiyo. Waliocheka niliowasikia ni wawili, mimi na Girish.

Zakayo akayarudia maneno hayo polepole, moja moja, wakili asije akasema mtandao ulikuwa mbovu.