Aliyeulizwa Kama Hatukuishi

Ndugu, jamaa na majirani mliokuja kumsindikiza dada yetu, huyu tuliyemzoea kwa jina la Macho alizaliwa tarehe 3 Machi 1957 katika nyumba za wafanyakazi wa reli, chumba namba tisa, akiwa mtoto wa kwanza wa fundi wa mabehewa na mama mshonaji, nasi wadogo zake watatu tukamfuatia.

Alisoma shule ya msingi kuanzia 1965 hadi 1971, akamaliza sekondari 1975, akaajiriwa studio ya picha, na mwaka 1981 akaenda kusomea utengenezaji wa filamu kwa miaka miwili. Tarehe 13 Desemba 1986 alifunga ndoa na shemeji yetu, mwalimu wa hesabu, wakajaliwa binti mwaka 1988 na mvulana mwaka 1991.

Nyumba zile za reli zilipoamriwa kubomolewa, Macho alirekodi wakazi wakihama, na Jumamosi ya tarehe 20 Agosti 1994 akawaonyesha filamu hiyo katika ukumbi wa shule, mwenyewe akiwa hajatia kitu tumboni tangu jana yake, akihofia kuambiwa kwamba yeye si mwenzao tena. Taa zilipowashwa, jirani yetu muuza mkaa aliinuka, akasema, "Mwanangu, mbona umetupiga picha tukihama tu, kwani hatukuishi?" Wiki iliyofuata Macho alibeba kamera akawafuata mmoja mmoja huko walikotawanyikia, akiwarekodi wakipika, wakigombana, wakibishana watoto wao sasa ni wa wapi, kazi iliyozaa filamu sita, na hakuna hata moja aliyoitoa kabla ya kuwaonyesha wenyewe, roho mkononi kila mara.

Figo zilianza kumsumbua Juni 2022, akawa anahariri filamu ya saba kati ya siku za kusafishwa damu. Jumatatu ya tarehe 4 Novemba 2024 alimuuliza mumewe, "Na wakiikataa?" Shemeji akamjibu, "Utarudi kurekebisha, kama kawaida yako." Alifariki kesho yake, saa nne asubuhi, akiwa na miaka 67.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, wenzake wa kazi, na majirani ambao hawakutuacha peke yetu hata siku moja. Filamu hiyo ya saba itaonyeshwa tarehe 16 mwezi huu kama alivyopanga, na mwenye neno asilimeze kwa kumstahi marehemu, amwambie binti yake, ndiye atakayerekebisha.

Dada, sasa tulia. Pumzika kwa amani.