Siku Wakwe Walipokataa Kula Kwangu

Bwana asifiwe, ndugu zangu. Nimechoka, magoti yananiuma, lakini asifiwe hata hivyo. Mniruhusu niongee nikiwa nimeshika kiti.

Wengi wenu mnamjua yule mama wa kwenye video. Ndiye mimi. Nilianza na kikundi cha kuigiza vitabu vya shule, tukizunguka Migori yote mpaka Ntimaru, tunalala madarasani. Nilikuwa msichana mwenye sura, nikitaka kucheza bibi harusi. Mkubwa wa kikundi akaniangalia, akasema macho yangu ni makali, nichukue mke mwenza mwenye wivu. Basi. Tangu hapo sijawahi kuwa bibi harusi. Nimekuwa mchawi, nimekuwa mama wa kambo, nimetia sumu kwenye uji mpaka nimesahau mara ngapi. Kazi ni kazi, nikasomesha mtoto.

Halafu zikaja video za Kijaluo, watu wanatazama kwa simu. Nikapewa nafasi ya jasihoho. Kwa wageni wetu niseme: jasihoho ni mtu ambaye akikutazama ukila, chakula kinakugeuka tumboni, unaumwa. Na wanasema mama humwachia binti yake. Ndugu zangu, niliigiza vizuri mno! Nilikodolea sahani macho tu, bila kupepesa, na Ndhiwa nzima ikaanza kufunga milango ikila.

Mwanzoni nilicheka. Mwenye kibanda sokoni anafunika mandazi nikipita, nacheka. Kisha nikaenda matangani kwa jirani, nikakaa na wamama wenzangu, na mmoja mmoja wakabeba sahani zao wakaenda kula nyuma ya nyumba. Sikucheka tena.

Nikatafuta msaada. Kulikuwa na mhubiri amepiga hema Homa Bay. Akanishika paji la uso, akanisukuma, akakemea pepo atoke. Ndugu zangu, hakuna mtu kaunti hii anayejua kuanguka kama mimi. Nimelipwa kuanguka! Ningejitupa pale, nitoe povu, watu wapige vigelegele, na kesho yake ningeitwa safi. Nikasema hapana, mbele za Mungu siigizi. Nikasimama tu, mpaka mhubiri akachoka akaenda kwa mwingine. Wakasema pepo wangu ni sugu. Nikarudi nyumbani na mzigo mkubwa kuliko nilioenda nao.

Kisha Akinyi, binti yangu wa pekee, akapata mchumba, kijana mpole wa Lambwe. Watu wake wakaja kwetu kwa posa. Na kwetu wakwe wasipokula, ndoa haipo, hilo kila mtu analijua. Nilipika tangu alfajiri: samaki, kuku, ugali wa mtama, mboga ya osuga iliyolala kwenye maziwa. Tukaomba, tukanawisha watu mikono. Hakuna aliyegusa. Mmoja akasema tumbo lake si zuri. Mwingine akasema amefunga. Amefunga, siku ya posa! Akinyi alisimama na birika la maji mkononi, machozi yanamtoka, hana mkono wa kuyafuta.

Hapo nilichoka kabisa. Sikuwa na ombi refu. Nilisema moyoni, Bwana, mimi sina nguvu tena, mwangalie mtoto. Nikawaambia wageni, kuleni kwa amani, mimi natoka. Nikaenda nyuma ya jikoni, nikakaa nimeelekea shamba la mahindi, mgongo kwa nyumba, ili macho yangu yasimfikie mtu yeyote.

Nikasikia nyayo. Ni nyanya yake yule mchumba, mzee kabisa, mkongojo mkono mmoja, sahani mkono wa pili. Akavuta kigoda, akakaa mbele yangu uso kwa uso. Nikageuza kichwa haraka. Akanishika kidevu akanirudisha.

"Nimezika watu wengi, nyathina, mtoto wangu," akasema. "Sasa niogope samaki? Nitazame nikila."

Nikamtazama. Alikula polepole, meno yamebaki machache, akitoa miiba kwa vidole. Mimi nalia, na kilio hicho hakuna mkubwa wa kikundi aliyenifundisha. Alipomaliza, akaita kwa sauti wamletee chakula kingine. Wenzake ndani wakaona aibu. Nikasikia sahani zinaanza kulia.

Akinyi ameolewa. Nyanya hakuumwa tumbo, na mpaka leo ananitumia salamu. Ndugu zangu, sisemi yote yamekwisha. Bado naigiza, bado kuna wanaohama benchi nikikaa. Lakini nilimwomba Mungu nikiwa sina nguvu hata ya kupiga magoti, naye akamtuma bibi kizee na mkongojo wake. Kama watu wamekukimbia, usijitie kuanguka ili wakupende. Mwambie Bwana umechoka. Anasikia hata sauti ndogo.

Namshukuru, nawashukuru kwa kunisikiliza. Tukitoka hapa, kuna masufuria chini ya turubai. Nimepika mimi. Nitakaa palepale mbele, nitawatazama mkila. Karibuni.