Zéphirin Numbi, Aliyerusha Matanga kwa Simu

Jumamosi tarehe 16 Mei 2020, saa nne asubuhi, hapa Katuba, mdogo wangu Zéphirin Numbi Kalenga alifungia kamera yake ya filamu kabatini, akachukua simu, akaonyesha mazishi ya jirani yetu Mama Kiki moja kwa moja, ile tunaita direct, na tangu saa ile wengine katika familia walianza kusema ameanguka heshima. Mimi Agnès, yaya yake, yaani dada yake mkubwa, ninasoma historia yake leo penye jeneza lake, mbele ya Mungu na mbele yenu, na ninasema hakuanguka.

Alizaliwa Kamina, Jumatatu tarehe 5 Machi 1979, mtoto wa nne wa baba yetu Kalenga, mfanyakazi wa reli, na mama yetu Jeanne, akaletwa Lubumbashi mwaka 1986, akasoma hapa Katuba, akapata diploma ya serikali ya kumaliza sekondari mwaka 1998. Alianza kwa kupiga picha za harusi, na kati ya mwaka 2005 na 2017 alitengeneza filamu tano, zote kwa Kiswahili chetu, lakini kila moja ilinakiliwa na kujaa sokoni kabla hajamaliza kuionyesha, na ukumbi wa mwisho uliozipokea ukageuzwa ghala.

Alifunga ndoa takatifu na Abigaïl tarehe 7 Agosti 2004, Mungu akawapa Bénie mwaka 2006 na Aristote mwaka 2010.

Jana mchana, katika kikao cha familia, baba mkubwa Floribert aliniambia, "Andika cinéaste tu, mtu wa filamu, hii mambo ya telefone itatupatisha haya." Baba mkubwa, ninakuheshimu, lakini mstari huo wa simu sikuufuta.

Siku ile ya Mama Kiki mpaka wa Zambia ulikuwa umefungwa kwa sababu ya ugonjwa wa korona, na mwanawe Stéphane, aliyevuka Kipushi kwenda kutafuta bidhaa Zambia, alikwama ng'ambo. Zéphirin alikuwa bado mtu wa filamu, kwa hiyo kwaya ilipokuwa inaimba na pikipiki ikapita, akawaambia, "Coupez, kateni, muanze tena," watu mia tatu wakitazama kwenye simu zao, na Stéphane akaandika ndani ya direct kutoka kule, "Yaya Zéphi, mama hawezi kufa mara mbili, baache baimbe tu." Zéphirin aliyasoma maneno hayo kwa sauti, akacheka, nasi tukacheka penye jeneza tukiwa na machozi, halafu akamwomba Stéphane amtaje mtu wa kumtupia udongo kaburini, Stéphane akanitaja mimi, nikautupa kwa jina lake, naye akaniona nikiutupa.

Tangu hapo hakumwambia tena mfiwa yeyote arudie, na katika mazishi mia mbili na kumi na saba, kuanzia Naviundu mpaka Kipushi, hakuacha kaburi lifunikwe kabla ya kila mtoto aliye mbali kumtaja wa kumtupia udongo. Mnaoita kazi hiyo kuanguka, wengi wenu mlilia ndani ya simu yake.

Aliugua figo kuanzia Februari 2024, akawa anasafishwa damu mara mbili kwa juma, akapokea sakramenti ya wagonjwa, akafariki Jumatano tarehe 8 Oktoba 2025, saa kumi na moja alfajiri, mkono wake ukiwa katika mkono wa Abigaïl. Kwa wanaosema wafu aliowaonyesha walimfuata, daktari alisema figo, na mimi nilikuwepo nikimsikia.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhangaikia, majirani wa barabara yetu waliotupikia tangu Jumatano, wanakwaya, na wenzake wa filamu, pamoja na wale waliokataa kumsalimia miaka hii mitano na leo wamekuja kubeba jeneza.

Ee Bwana, mtumishi wako Zéphirin alikula kwa kazi ya mikono yake, na alimfikisha mfiwa pale ambapo miguu yake haikuweza kufika. Usione haya kumpokea, maana sisi hatuoni haya kumleta kwako. Msamehe aliyokosa, umpumzishe katika amani yako. Amina.